Visual C++ Redistributable: kapaketi ka bure kanakomaliza kesi ya "DLL haipo" (nyota 4 kati ya 5)

Nyota nne kati ya tano, na ile moja nimeikata wapi nitasema mbele huko. Hii rivyu ni ya kitu ambacho wengi mnacho kwenye laptopu bila kujua kama mnacho, kinaitwa Microsoft Visual C++ Redistributable, ni cha bure, kinatoka Microsoft wenyewe, na ndo kinachomaliza zile kesi za "MSVCP140.dll haipo" na "VCRUNTIME140.dll haikupatikana" ambazo hapa Mbeya kuanzia Soko Matola mpaka Uyole watu wanatozwa hela ya maana kuziondoa, wengine mpaka wanapigiwa Windows upya na mafaili ya kazi yanaondoka humo humo. Mimi kazi yangu ni hizi mashine, laptopu za wanachuo, kompyuta za steshenari, printa zilizogoma, kwa hiyo haka kapaketi nimekaweka kwenye mashine za kila aina, mpya, mtumba, mpaka zenye Windows 7 ambazo zilitakiwa ziwe zimestaafu. Naona nikaandikie vizuri maana mtandaoni kila mtu anasema "daunlodi hiyo DLL uipaste System32", yaani folda la mafaili ya mfumo wa Windows, basi kaondoka zake.

DLL kwa kifupi ni hivi. Mtu akitengeneza programu haandiki kila kitu mwenyewe, yale mambo ya kawaida kawaida kama kuchezea maandishi, kupiga hesabu, kuomba memori, yanakaa kwenye mafaili ya pamoja ambayo programu nyingi zinayatumia. Ni kama mashine ya kusaga ya mtaa, kila nyumba haina haja ya kununua ya kwake. Sasa programu zilizoandikwa kwa C++, lugha ya kutengenezea programu, ndani ya Visual Studio ya Microsoft nyingi zinategemea haya mafaili ya Microsoft yawepo kwenye mashine yako. Mtengenezaji mwenye adabu anaiweka Redistributable ndani ya setapu yake, inajiinstoli hata hujaona, ndo maana wengi mnayo. Shida inaanza ukikopi folda la programu kwa flashi kutoka kwa mshikaji badala ya kuinstoli kwa setapu, au ukapata ile ya kraki iliyopunguzwa punguzwa ili iwe na MB chache, hapo ndo unakutana na kadirisha kenye X nyekundu kanakwambia haiwezi kuendelea kwa sababu faili fulani halikupatikana, eti jaribu kuinstoli programu upya. Unainstoli upya, kanarudi kale kale.

Kuna dogo mmoja mwanachuo yuko mwaka wa mwisho aliniletea laptopu, programu ya kuchorea ramani za nyumba imegoma na project anatakiwa kuiwasilisha.

"Fundi shikamoo."

"Marahaba mwanangu, imekuwaje?"

"Mwanzo ilikuwa inasema DLL haipo, nikaitafuta mtandaoni nikaiweka, sasa hivi haisemi hata DLL, inaleta manamba tu."

Manamba yenyewe ni 0xc000007b. Ukiona hiyo namba, mara nyingi ujue biti 32 zimechanganywa na biti 64, yaani programu ya aina moja imekutana na faili la aina nyingine (64 ndo aina ya sasa, 32 ya zamani). Dogo aliingia kwenye ile saiti ya kugawa DLL moja moja, kabofya la kwanza aliloliona, likashuka la biti 32, kalipaste ndani ya System32. Sasa kwenye Windows ya biti 64 hilo folda la System32 ndo linalokaa mafaili ya biti 64, na yale ya biti 32 yanakaa SysWOW64. Najua imekaa kinyumenyume, walifanya hivo ili programu za zamani zilizokuwa zimeandikiwa njia ya System32 moja kwa moja zisivunjike, ila raia wa kawaida atajuaje? Programu yake ya biti 64 ilikwenda System32 ikakuta faili lenye jina sahihi lakini mwili wa biti 32, ikazimia hapo hapo.

Nikalifuta lile faili lake, nikachomeka flashi, nikaweka paketi ya x86 (ya biti 32) na ya x64 (ya biti 64). Kadirisha kake ni kadogo, unaweka tiki kwenye masharti, unabonyeza Install, kamstari kanakimbia, kanasema imefanikiwa. Ikiomba kuristati, ristati. Ramani zikafunguka, dogo akabaki anauliza "ndo hivo tu?" Ndo hivo tu. Na bei niliyomtoza ilikuwa ya soda, sasa mtu anakutoza elfu thelathini anakwambia kaagiza DLL, anaagiza wapi kitu cha bure?

Hizo saiti za DLL moja moja nazipa sifuri, sina hata maelezo marefu. Microsoft hawagawi hizi DLL kwa faili moja moja, wanagawa paketi nzima, kwa hiyo mtu yeyote anayekupa faili moja kalitoa mahali na hujui kalifanya nini njiani. Hata kama ni salama, unaweza kupewa toleo la zamani, na halitapata apdeti maana Windows haijui kama umeliweka kwa mkono. Ukitaka kujua kama faili ulilonalo ni la wenyewe, libofye kulia, ingia Properties, tafuta tabu ya Digital Signatures uone kama lina saini ya Microsoft. Halina saini? Futa, weka paketi. Af kuna wale wanaokwambia ukishapaste andika regsvr32 msvcp140.dll, wakuu, hiyo amri ni ya DLL za aina nyingine zinazojisajili kwenye rejista ya Windows, hii haina hata mlango wa kujisajili, itakujibu kwamba haijaona DllRegisterServer na wewe utadhani mashine ndo imekufa kabisa.

Sasa kwenye matoleo ndo panapochanganya watu, na hapa sitawalaumu. Kuna Redistributable ya 2005, 2008, 2010, 2012, 2013, kila moja inajitegemea, mpya haifuniki ya zamani. Halafu kuanzia 2015, ile ya 2015, 2017, 2019 na 2022 wameziunganisha zikawa paketi moja, ukiweka ya karibuni inatosha kwa zote hizo. Mimi naangalia namba kwenye jina la faili lililokosekana, msvcr80 ni ya 2005, 90 ni ya 2008, msvcr100 ni ya 2010, 110 ni ya 2012, 120 ni ya 2013, na chochote chenye 140 ni hiyo ya pamoja. 130 usiitafute haipo, waliruka kutoka 12 kwenda 14. Na kuna kengine kanaitwa vcruntime140_1.dll, haka kalianza na toleo la 2019, kwa hiyo mtu ana paketi ya 2015 tangu zamani, anaona kwenye orodha ipo kabisa, lakini programu mpya bado inalia. Hapo hujakosea kitu, weka tu ya karibuni juu yake.

Na weka zote mbili jamani, x86 na x64, hata kama Windows yako ni ya biti 64. Programu nyingi za mahesabu ya maduka na za printa mpaka leo ni za biti 32, hazigusi kabisa mafaili ya x64. Nakutana sana na mtu kaweka x64 peke yake kwa sababu "mashine yangu ni 64", anasema dawa haifanyi kazi. Inafanya, kameza nusu dozi.

Tuje kwenye draiva, yaani kile kinachoifanya Windows ielewane na kifaa kama printa, maana hapa ndo watu wa steshenari wananipigia simu. Mama mmoja wa pale Kabwe ana printa ya tanki la wino, CD ilishapotea zamani, kijana wake akadaunlodi setapu ya draiva, kufungua inaleta DLL haipo. Mama tayari alishaambiwa na mtu printa imeungua bodi.

"Mama, printa yako nzima."

"Nzima vipi baba na haiprinti tangu Jumamosi? Wanafunzi wanaenda kwa jirani."

Kinachotakiwa kueleweka ni kwamba draiva ni kitu kimoja na setapu yenye mapicha ya rangi ni kitu kingine. Draiva yenyewe ni faili la .inf lenye maelekezo, faili la .cat lenye saini, na mafaili ya kazi ya .sys au .dll. Anayeinstoli hivyo vitu ni Windows mwenyewe kwa kutumia maktaba zake kama setupapi.dll ambayo inakuja na Windows, haina uhusiano na haka kapaketi. Lakini ile setapu ya mapicha ni programu kama programu nyingine, nayo inaweza kuwa imeandikwa kwa C++ na inadai MSVCP140. Kwa hiyo setapu inakufa, draiva iko salama ndani ya folda haijaguswa. Kwa yule mama niliweka paketi zote mbili, setapu ikafunguka, ukurasa wa majaribio ukatoka na rangi zake. Ingegoma bado ningeipita pembeni, unafungua lile faili la setapu kwa 7-Zip (programu ya kufungulia mafaili yaliyobanwa), unatafuta folda lenye .inf, unaenda Device Manager unabofya kulia kwenye kifaa, Update driver, unamwonyesha hilo folda. Au kwa wanaopenda kuandika, fungua komandi (Command Prompt, kadirisha ka kuandikia amri) kwa haki za admin uandike pnputil /add-driver *.inf /install ukiwa ndani ya folda hilo.

Kwa hiyo mtu akikuuzia Redistributable kama "paketi ya draiva zote" anakudanganya. Haileti draiva hata moja. Pia haiwezi kufanya draiva ya biti 32 ikubali kwenye Windows ya biti 64, hilo haliwezekani hata uweke nini, ndo maana kuna printa za zamani hapa mjini zinazunguka kutoka duka hadi duka zikitafuta mashine ya kizamani ya kuishi nayo. Na kama faili linalolalamikiwa ni setupapi.dll au newdev.dll, yaani mafaili ya Windows mwenyewe, hapo Redistributable usiihangaikie, fungua komandi kwa admin andika sfc /scannow inayokagua na kurekebisha mafaili ya Windows, ikisema imeshindwa kurekebisha baadhi ya mafaili basi DISM /Online /Cleanup-Image /RestoreHealth halafu sfc tena. Hiyo DISM kwa kawaida inavuta mafaili kutoka Windows Update kwa hiyo andaa bando. difxapi.dll nayo ni kesi yake, ilikuwa inabebwa na setapu za draiva za zamani, Microsoft walianza kuistaafisha tangu Windows 10 toleo 1607, ukiidaiwa tafuta draiva mpya ya kifaa chako kwenye saiti ya waliokitengeneza.

Kama unataka kujua draiva imegomea wapi hasa, kuna faili C:\Windows\INF\setupapi.dev.log, lifungue kwa Notepad utafute mistari yenye alama tatu za mshangao, hizo ndo erori, alama moja ni onyo tu. Kumeandikwa kwa lugha ngumu lakini hakudanganyi, na mafundi wengi hawajawahi hata kulifungua.

Upande wa Windows 7 ndo kapaketi kananitia hasira. Kuna shule moja huko juu Makete nilipanda na flashi zangu, ukitokea Mbeya unakatia Isyonje, baridi ya Kitulo unaijua mwenyewe, vidole havitaki kubonyeza kibodi. Maabara nzima Windows 7, intaneti hakuna, na programu ya kujifunzia waliyopewa inataka mafaili ya 140. Naweka Redistributable inaniletea 0x80240017, erori isiyotajwa, kwaheri. Tatizo ni kwamba hizi za 2015 kupanda zinategemea kitu kingine chini yake kinaitwa Universal CRT, faili lake ni ucrtbase.dll na ndugu zake wenye majina marefu ya api-ms-win-crt. Kwenye Windows 10 na 11 kimo ndani tayari, kwenye Windows 7 kinakuja kwa apdeti ya KB2999226, na hiyo apdeti haikubali kama hujaweka Service Pack 1 (SP1), lile furushi kubwa la maboresho ya Windows 7 la mwaka 2011. Mashine za pale SP1 hazina. SP1 ya biti 64 ni karibu GB 1, bahati nilikuwa nayo kwenye diski ya nje, nikaanza mashine moja moja, SP1, KB2999226, Redistributable, ikaenda. Lakini fikiria mtu asiye na hilo faili, kadirisha kanampa namba tu bila kumwambia "kaka anza na SP1". Hata neno moja wangeandika. Najua Windows 7 iliachwa rasmi Januari 2020, na Windows 10 nayo Oktoba 14, 2025, ila huku kwetu mashine haifi kwa sababu Marekani wamesema imekufa.

Kuna watu wanaingia kwenye orodha ya programu wanakuta Visual C++ zimepangana kumi na kitu, wanaona ni takataka zinakula nafasi, wanafuta zote. Au wanatumia zile programu za kusafisha kompyuta zinazofuta kwa niaba yao. Kila moja ni MB chache, ukizifuta zote hujaokoa hata nafasi ya filamu moja, na kesho yake geimu halifunguki, programu ya mahesabu haifunguki, unaniletea. Ziache. Wingi wake hapo ndo faida yenyewe, maana zamani enzi za Windows 98 kila setapu ilikuwa inabandika DLL yake juu ya iliyokuwepo, unaweka programu moja mbili zinakufa, mpaka Windows 2000 wakaanza kuyalinda mafaili ya mfumo na XP ikaja na utaratibu wa matoleo kukaa sambamba bila kugombana. Waulize mafundi wa miaka hiyo.

Kuipata: andika aka.ms/vs/17/release/vc_redist.x64.exe kwenye brauza, inashuka moja kwa moja, halafu ubadilishe x64 iwe x86 ushushe na hiyo. Zote mbili kwa pamoja hazifiki MB 50, hata kabando ka chuo kanatosha, na zikishashuka hazihitaji intaneti kuinstoli, ziweke kwenye flashi kabisa. Kama una Windows 11 au 10 iliyoapdetiwa unaweza kuandika kwenye komandi winget install Microsoft.VCRedist.2015+.x64 ikajifanyia yenyewe. Mwenye mashine nyingi, kwa mfano intaneti kafe au maabara ya shule, aongeze /install /quiet /norestart baada ya jina la faili kwenye komandi, inaingia kimya kimya bila kubofya bofya. Ikikuletea 0x80070666 usipanike, mara nyingi ina maana kuna toleo jipya zaidi limo tayari, anzia kwenye orodha ya programu uifanyie Repair hiyo iliyomo.

Mshikaji wangu wa Iringa anayetumia Ubuntu (mfumo wa Linux, siyo Windows) huwa ananicheka kwenye hizi mambo, kwamba kwake maktaba za pamoja ni mafaili ya .so, apt, kinstolishi cha huko, inaleta kila kinachohitajika pamoja na programu, na ukitaka kujua kinachokosekana unaandika ldd na jina la programu inakutajia orodha nzima. Kwenye hilo la orodha nakubali yuko mbele. Ila siku alipochukua programu iliyojengwa kwenye Ubuntu mpya akaiweka kwenye ya zamani, ikamwambia GLIBC yake (maktaba kuu ya pamoja ya Linux) ni ya zamani haitoshi, akawa mpole kidogo.

Na hiyo ya orodha ndo nyota niliyoikata. Windows inajua jina la faili lililokosekana, jina hilo linajulikana ni la paketi gani, kwa nini kale kadirisha kasiseme tu "weka Visual C++ ya 2013, ya x86" na linki chini yake? Kwa miaka yote hii bado kanakwambia uinstoli programu upya, mtu anaingia mtandaoni kutafuta, na wa kwanza kujitokeza kwenye matokeo ni hao hao wa saiti za DLL moja moja.

Kwa wenye laptopu mpya za Snapdragon, zenye prosesa ya aina nyingine inayoitwa ARM, hizo zina paketi yake ya ARM64, kwenye ile linki unaweka arm64 mahali pa x64. Hapa dukani bado hazijaanza kuja.